Halmashauri inataka kuweka dampo kwenye bonde lililo kati ya makazi yetu yaliyopimwa: tunaweza kuizuia mahakamani kabla malori hayajaanza kuingia?

Mkazi wa Bondeni aliandika:

Ndugu wanajukwaa, naomba msaada wa mawazo kutoka kwa wanaoijua sheria ya mazingira, na zaidi kutoka kwa wale ambao wao wenyewe wamewahi kupita njia hii.

Ninaishi katika mtaa ulio pembezoni mwa manispaa moja hapa Tanzania, ambayo sitaitaja kwa jina kwa sababu bado tunazungumza na viongozi wetu na sipendi mazungumzo hayo yavurugike kwa sababu ya maneno yangu ya hapa. Viwanja vyetu vilipimwa na halmashauri yenyewe, tukavilipia kwa awamu, na wengi wetu tuna hati zinazosema kwamba matumizi ya ardhi ni makazi. Upande wa chini wa mtaa kuna bonde ambalo katika mchoro tulioonyeshwa siku ya kununua lilikuwa eneo la wazi. Kandokando ya bonde hilo kuna visima vifupi vinavyotumiwa na kaya nyingi, na juu yake kidogo iko shule ya msingi.

Miezi michache iliyopita katapila liliingia bondeni likaanza kusawazisha njia. Tulipomuuliza mwenyekiti wa mtaa, alisema kuwa Baraza la Madiwani limepitisha eneo hilo kuwa dampo la manispaa, na kwamba sisi wananchi tulikwisha kuridhia. Tulishangaa sana. Baada ya kufuatilia, tukaambiwa kuwa mwaka jana kulikuwa na mkutano ulioitwa wa usafi wa mazingira, ambapo tulielezwa faida za kukusanya taka mapema, tukaandika majina na kusaini karatasi ya mahudhurio, tukapewa soda na nauli. Neno dampo halikutamkwa siku ile. Sasa karatasi ile ya mahudhurio imegeuka kuwa ushahidi kwamba tulishirikishwa.

Tumeomba nakala ya ripoti ya tathmini ya athari kwa mazingira mara mbili kwa mdomo, na mara zote tumeambiwa kuwa haijawa tayari kutolewa. Maswali yangu ni haya. Je, inawezekana kwenda mahakamani wakati madhara bado hayajatokea, au tusubiri mpaka visima vichafuke? Tukienda, tunamshtaki nani? Na kuna jambo linalonisumbua zaidi ya hayo: baadhi ya watu wa mitaa mingine wanasema sisi ni wabinafsi, kwamba taka ni zetu pia na tunataka zikatupwe kwa wenzetu. Ningependa kujua kama mahakama nayo huliona jambo hili kwa jicho hilo.

Wakili wa Kujitegemea alijibu:

Ndugu Mkazi wa Bondeni, pole kwa yanayowakuta. Nitaanza na swali lako la mwisho, kwa sababu jibu lake limo katika kumbukumbu za Mahakama Kuu yetu wenyewe, na inasikitisha kwamba wananchi wengi hawalijui.

Haki za msingi ziliingizwa katika Katiba ya Tanzania mwaka 1984, ila zikaanza kudaiwa mahakamani mwezi Machi 1988. Mwaka huohuo wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, walifungua Shauri la Madai Na. 29 dhidi ya Halmashauri ya Jiji kwa sababu ya dampo lililokuwa katikati ya makazi yao, lenye moshi, harufu na nzi. Mahakama iliamuru halmashauri iache kutupa taka pale na itafute mahali pengine pasipohatarisha watu. Halmashauri haikutekeleza kwa wakati. Ikapewa muda, na muda ulipokwisha ikarudi mwaka 1991 kuomba uongezwe tena. Hoja yake ilikuwa kwamba ukusanyaji wa taka ni wajibu iliopewa na sheria kwa manufaa ya umma, na kwamba jiji zima lingeathirika kama dampo lingefungwa.

Jaji Lugakingira alikataa. Alisema, kwa maana yake, kwamba hajawahi kusikia popote mamlaka ya umma, au hata mtu binafsi, ikienda mahakamani kwa ujasiri kuomba ruhusa ya kuchafua mazingira na kuhatarisha maisha ya watu, wawe wengi au wachache. Kisha akaigeukia ibara ya 14 ya Katiba, isemayo kwamba "kila mtu anayo haki ya kuishi na kupata kutoka katika jamii hifadhi ya maisha yake, kwa mujibu wa sheria". Kwa Jaji, kuiomba mahakama isaidie kuyaweka maisha ya watu hatarini kulikuwa kinyume kabisa cha ibara hiyo. Zingatia kwamba wakati ule hatukuwa na Sheria ya Usimamizi wa Mazingira tuliyo nayo leo. Jaji alilipata jibu katika haki ya kuishi peke yake.

Kwa hiyo, mtu akikuambia kuwa manufaa ya wengi yanafuta haki yenu ninyi wachache, mweleze kwamba hoja hiyo ilikwisha kupelekwa mahakamani na ikakataliwa.

Nikija kwenye swali la kusubiri: tafadhali msisubiri. Shauri linalofanana zaidi na lenu ni lile la wakazi wa Kunduchi Mtongani, Na. 90 la mwaka 1991. Baada ya kubanwa kule Tabata, Halmashauri ya Jiji ilihamishia taka Mtongani, na wakazi 795 wakaenda Mahakama Kuu. Hawakudai fidia. Waliomba mahakama iupitie uamuzi wenyewe wa halmashauri, na silaha yao kubwa ilikuwa ramani: mpango wa jiji ulilionyesha eneo lile kuwa la makazi. Mahakama iliutengua uamuzi, ikaizuia halmashauri kuendelea kutupa taka pale, na ikaiamuru itafute na kuandaa mahali panapofaa. Amri hizo tatu ndizo mnazopaswa kuzifikiria, na mtaona kuwa ya tatu ni muhimu sawa na mbili za kwanza.

Hati zenu zilizotolewa na halmashauri ileile inayotaka kuweka dampo ni nguvu kubwa. Tafuteni mchoro wa mipango miji wa eneo lenu, ulioidhinishwa, wenye namba. Kama bonde limeandikwa eneo la wazi, halmashauri haiwezi kuamka asubuhi na kuligeuza dampo kwa maneno. Kubadili matumizi ya ardhi kuna utaratibu wake, ukiwa ni pamoja na kutangaza kusudio na kuwapa wanaoathirika nafasi ya kupinga. Aidha, Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inataka tathmini ya athari kwa mazingira ifanyike kabla mradi wa aina hii haujaanza au kugharamiwa. Katapila likiingia kabla ya cheti cha tathmini hiyo kutolewa, hilo peke yake ni kosa. Kifungu cha 4 cha sheria hiyo kinampa kila mtu anayeishi Tanzania haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, na kifungu cha 5 kinamruhusu kwenda mahakamani haki hiyo inapotishiwa. Hapohapo ndipo penye jibu la swali lako la kwanza: sheria imesema kutishiwa, haikusubiri haki ivunjwe.

Sasa tahadhari, ambayo naomba muisome polepole. Madai ya kawaida dhidi ya halmashauri hayafunguliwi tena kama zamani. Tangu marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria ya Mashauri ya Serikali, mnalazimika kutoa notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kufungua shauri Mahakama Kuu. Msipomuunganisha, shauri lote linaharibika. Siku 90 ni nyingi mno kwa mtu anayeliona katapila dirishani, na kwa sababu hiyo Mahakama Kuu imekuwa ikipokea maombi ya zuio la muda wakati notisi bado inahesabiwa, ambayo sisi mawakili tunayaita zuio la Mareva. Mtapaswa kuonyesha kwamba kuna hoja ya msingi ya kusikilizwa na kwamba mkisubiri notisi iishe mtapata hasara isiyoweza kurekebishwa kwa fedha. Njia ya mapitio ya mahakama, ile waliyoitumia wa Mtongani, ni ya haraka zaidi, lakini ina saa yake: ombi la kibali cha kufungua maombi lazima liwe limewasilishwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi unaoulalamikia, na kibali kikitoka mna siku 14 tu za kufungua maombi yenyewe. Ndiyo maana swali langu la kwanza kwenu ni hili: Baraza la Madiwani lilikaa lini?

Katibu wa Zamani wa Kamati alijibu:

Naunga mkono maelezo ya Wakili, nami nitaeleza namna sisi tulivyoshindwa, kwa sababu nadhani kushindwa kwetu kunaweza kuwasaidia wenzetu kuliko ushindi wa mtu mwingine.

Nilikuwa katibu wa kamati ya wakazi katika mji ambao nao sitautaja. Taka zilikuwa zinamwagwa kwenye shimo la kokoto lililoachwa na wakandarasi wa barabara, umbali wa kutembea kwa dakika chache kutoka nyumba za kwanza. Tulikuwa na hasira, tulikuwa na umoja, na tulichangishana fedha nyumba kwa nyumba. Hatukuwa na subira. Tulifungua shauri kwa majina ya watu watano, tukaandika kwamba wanawawakilisha wakazi wote, bila kuomba kwanza kibali cha mahakama cha kuwawakilisha wengine. Notisi tuliyotoa ilikuwa barua ya malalamiko ambayo tuliiona kuwa inatosha, na Mwanasheria Mkuu hatukumuunganisha kabisa.

Siku ya kwanza ya kusikilizwa, wakili wa upande wa pili hakuzungumza lolote kuhusu taka. Alizungumza kuhusu notisi na kibali. Tulikaa kwenye benchi, akina mama wakiwa wamekuja na watoto waliokuwa wanakohoa ili mheshimiwa awaone, na hakuna aliyewatazama, kwa sababu kisheria shauri letu lilikuwa halijafika mahali pa kuulizwa kama watoto wanakohoa. Shauri liliondolewa. Tuliambiwa kuwa tunaweza kulifungua upya kwa kufuata utaratibu, na hiyo ni kweli kabisa kisheria, lakini fedha ya michango ilikuwa imekwisha na watu wamekata tamaa. Baadhi walituona sisi viongozi kuwa tumenunuliwa. Kamati ilivunjika mwezi uliofuata.

Jambo la pili ambalo ningependa kuwaambia ni kuhusu watu. Katika mtaa wetu walikuwepo wapangaji, wenye nyumba, na waokota taka ambao dampo lilikuwa ndilo shamba lao. Hatukuzungumza na waokota taka hata siku moja, na halmashauri ikaenda kuzungumza nao. Walipoitwa kueleza, walisema dampo linawalisha, na walikuwa wanasema kweli. Ninyi mna bahati kwamba dampo halijaanza na hakuna anayelitegemea bado. Likishaanza, ndani ya miezi michache mtakuwa na majirani wanaolihitaji, na kesi yenu itakuwa ngumu mara mbili.

Jirani wa Mombasa alijibu:

Nawasalimu kutoka upande wa pili wa mpaka. Sheria zetu zinatofautiana, lakini harufu ya taka ni moja, na nadhani kuna mawili au matatu ya kujifunza kutoka huku.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inataja haki ya mazingira safi kwa jina, katika ibara ya 42, na ibara ya 70 inasema kwamba anayekwenda mahakamani kuitetea haki hiyo si lazima aonyeshe kuwa mtu yeyote amepata hasara au ameumia. Kwa hiyo swali la ndugu wa Bondeni, kama asubiri visima vichafuke, kwetu limejibiwa na Katiba yenyewe. Tuna pia Baraza la Rufaa za Mazingira, ambako mtu asiyeridhika na leseni iliyotolewa na NEMA, mamlaka yetu ya taifa ya kusimamia mazingira, hupeleka rufaa yake ndani ya siku 60. Siku hizo hazina huruma: nimewaona majirani wakifika wakiwa na hoja nzuri sana siku ya 70, na mlango umefungwa.

Kutoka kwetu Mombasa mnaijua kesi ya Owino Uhuru. Kile hakikuwa dampo, kilikuwa kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu ili kupata risasi, kando ya ukuta wa kijiji, na madini hayo yakaingia katika damu ya watoto. Phyllis Omido, aliyekuwa ameajiriwa hapo na ambaye mtoto wake mwenyewe aliugua, aliongoza wakazi kulalamika. Mwezi Julai 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Mombasa iliwapa wakazi fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya. Mahakama ya Rufani ikaivuruga hukumu hiyo mwaka 2023, na Mahakama ya Juu ikairejesha fidia mwezi Desemba 2024. Nawatajia miaka hii kwa makusudi. Kiwanda kilikuwa kimeacha kazi tangu 2014, kesi ilifunguliwa 2016, na miaka minane baadaye watu walikuwa bado wanasubiri fidia. Kushinda baada ya madhara ni kushinda kwa mtu aliyekwisha kuumia.

Kuhusu dampo hasa, tazameni Dandora, Nairobi. Lilitangazwa kuwa limejaa mwaka 2001. Mwaka 2007 Shirika la Umoja wa Mataifa la Mazingira lilichapisha uchunguzi wa watoto 328 wa eneo lile, na nusu yao walikuwa na risasi katika damu kuzidi kiwango kilichokubalika wakati huo. Julai 2021 mahakama iliamuru dampo liondolewe pale ndani ya miezi sita. Miezi sita ilipita, na malori yaliendelea kuingia. Ninachotaka kusema ni kwamba amri ya mahakama isiyoeleza taka zitakwenda wapi, kwa fedha gani na nani atakayerudi mahakamani kuripoti, hubaki karatasi. Mkiandika maombi yenu, ombeni mahakama iendelee kusimamia utekelezaji, na ombeni ripoti kwa tarehe.

Afisa Afya Mstaafu alijibu:

Nimefanya kazi ya afya ya mazingira katika halmashauri mbalimbali kwa miaka mingi, na katika miaka hiyo nimekuwa upande ule unaoshtakiwa. Naomba mnivumilie, kwa sababu sitasema yote ambayo mngependa kusikia.

Mwanangu wa Bondeni, mnaposema mnapinga dampo, hakikisheni mnajua mnapinga kitu gani. Kuna dampo la wazi, ambalo ni shimo tu la kumwaga na kuchoma, na kuna dampo la kisasa, ambalo chini yake hutandikwa udongo wa mfinyanzi ulioshindiliwa na juu yake karatasi nene ya plastiki, likawa na mabomba ya kukusanya maji machungu yanayochuruzika kutoka kwenye taka, bwawa la kuyasafisha, njia za kutolea gesi, uzio, mizani ya malori, na udongo wa kufunika taka kila jioni. La pili linaweza kukaa karibu na watu kwa umbali unaofaa bila kuwaua. La kwanza haliwezi kukaa popote. Tatizo ni kwamba mara nyingi kwenye ripoti huandikwa la pili na kwenye eneo hujengwa la kwanza, kwa sababu fedha ya karatasi ya plastiki haikutoka. Kwa hiyo someni ripoti ya tathmini, halafu muombe bajeti. Bajeti ndiyo itakayowaambia ukweli.

Msiombe kwa mdomo tena. Andikeni barua kwa kutumia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016, ambayo inampa mwenye taarifa siku 30 za kujibu, na mhakikishe nakala yenu imegongwa muhuri wa masjala ikiwa na tarehe. Ombeni ripoti ya tathmini, cheti kama kipo, muhtasari wa kikao cha Baraza la Madiwani, na muhtasari wa ule mkutano wa usafi. Hapo kwenye mkutano nisikilizeni vizuri. Karatasi ya mahudhurio huonyesha nani alikuja. Haionyeshi alikubali nini. Nimewahi kuona karatasi za namna hiyo zikiambatanishwa kwenye ripoti chini ya kichwa cha habari cha maoni ya wananchi, na iliniuma, kwa sababu nilikuwepo mkutanoni na najua kilichosemwa. Tafuteni watu kumi waliohudhuria, kila mmoja aandike hati ya kiapo akieleza ajenda ilikuwa nini na kwamba dampo halikutajwa. Kama kuna aliyepiga picha ya bango la mkutano kwa simu yake, hiyo ni dhahabu.

Pimeni maji ya visima sasa, kabla ya chochote. Watu huja kupima maji yakishachafuka, na halmashauri inajibu kwamba yalikuwa machafu tangu mwanzo kwa sababu ya vyoo vyenu, na hakuna wa kuibishia kwa sababu hakuna kipimo cha zamani. Sampuli ichukuliwe na mtaalamu, ifungwe na kuwekewa alama, ipelekwe kwenye maabara inayotambuliwa na serikali, na muandike ni nani aliyeishika kutoka kisimani hadi maabara. Pimeni pia umbali wa kila kisima, shule na nyumba ya kwanza kutoka ukingo wa bonde. Na muangalie bonde lenyewe wakati wa masika. Kama maji hupita hapo, piga picha yenye tarehe, kwa sababu dampo kwenye njia ya maji si jambo la mabishano.

Sasa lile ambalo hamtalipenda. Baada ya Tabata na Mtongani, taka za Dar es Salaam hazikutoweka. Zilikwenda Vingunguti, baadaye Mtoni, kisha Pugu Kinyamwezi, na kila mahali kulikuwa na watu. Wakazi walioshinda walikuwa na haki kamili ya kushinda. Lakini mzigo ulihama kutoka mlango mmoja hadi mwingine, na mara nyingi uliishia kwa wale wasiokuwa na wakili. Sitaki kukulaumu, mwanangu, kwa sababu wajibu wa kutafuta mahali salama ni wa halmashauri. Ninachoomba ni kwamba katika kesi yenu msiseme tu hapa hapafai. Semeni pia vigezo gani vitumike popote pale, ili amri mtakayoipata imlinde na mtu wa mtaa utakaofuata. Huko Kiteezi, Kampala, tarehe 10 Agosti 2024, mlima wa taka uliporomoka juu ya nyumba ukaua zaidi ya watu 30. Nilipoziona picha zile nilikumbuka kila dampo nililowahi kulisimamia.

Mkazi wa Bondeni aliandika:

Shikamoo mzee wetu, na asanteni sana nyote. Nimeyasoma majibu haya mara mbili, kisha nikayasoma kwa sauti mbele ya kamati yetu jana jioni.

Nimepata jibu la swali la Wakili. Diwani wetu, ambaye kwa kweli amekuwa muungwana katika jambo hili, amenionyesha muhtasari wa kikao, na uamuzi ulipitishwa miezi minne na siku chache zilizopita. Nilidhani tuna muda mwingi, kumbe tuna wiki chache. Katika muhtasari huohuo imeandikwa kwamba "wananchi wa eneo husika wameridhia", bila kutaja mkutano wala tarehe. Kuhusu mchoro, mzee mmoja wa mtaani ametunza nakala aliyopewa siku ya kununua kiwanja, ikiwa na namba na muhuri, na bonde limepakwa rangi ya kijani.

Maneno ya Afisa Afya kuhusu mtaa utakaofuata yalileta mjadala mrefu. Wapo waliosema kuwa si kazi yetu kuwatafutia halmashauri mahali. Mama mmoja ambaye alihamia kwetu akitokea Vingunguti alisimama akasema yeye hatachangia hata shilingi kama kesi yetu inamaanisha mtoto wa mwingine anuse kile alichonusa mwanawe. Tumekubaliana kwamba katika maombi yetu tutaomba pia halmashauri iamriwe kufanya tathmini ya kweli, yenye maeneo zaidi ya moja ya kulinganisha, na wakazi wa kila eneo wasikilizwe wakijua kinachozungumzwa ni dampo.

Nina maswali mawili ya mwisho kwa Wakili. Je, tukienda kwa njia ya mapitio tunaweza baadaye kudai fidia kama kutatokea madhara? Na je, watu wote waingie kwa majina, au wachache?

Wakili wa Kujitegemea alijibu:

Mapitio hayawafungii njia ya kudai fidia baadaye kwa madhara ambayo leo hayajatokea. Hayo ni mambo mawili tofauti, na fidia itafuata utaratibu wa notisi nilioueleza. Kwa muda mlionao, anzeni na mapitio, na katika ombi la kibali muombe pia kwamba utekelezaji wa uamuzi usimame hadi maombi yatakaposikilizwa. Wakati huohuo andikeni ile notisi ya siku 90 na kuipeleka kwa wote wanaohusika, nakala kwa Mwanasheria Mkuu, ili saa ya pili nayo ianze kuhesabu.

Kuhusu majina, kila anayeingia awe ni mtu anayeathirika na aeleze kwa kiapo anavyoathirika yeye mwenyewe: kisima chake kiko wapi, mtoto wake anasoma shule gani, hati yake ni namba ngapi. Wachache wenye maelezo kamili ni bora kuliko orodha ndefu ya majina yasiyo na habari, na yaliyomkuta Katibu yasiwakute. Kama mnataka wachache wawawakilishe wote, kibali cha uwakilishi kiombwe kwanza.

Yule mzee asiitoe nakala yake halisi kwa mtu yeyote, hata kwangu. Nendeni naye ofisi ya mipango miji mkaombe nakala iliyothibitishwa ya mchoro wenye namba hiyo, na mkikataliwa muombe kukataliwa huko kuwe kwa maandishi. Na kuanzia kesho, mtu mmoja awe na daftari: tarehe, saa, namba ya kila gari na kila mtambo unaoingia bondeni.